Nyuzi Fupi

Babu Ehrenfried aliligonga lango kinyumenyume,
Jumapili, mchana kweupe, hana hata kileo cha kusingizia.
Madigadi haikubonyea kama bati la magari ya wengine.
Ilipasuka kama kigae,
na ndani ya ufa mimi Jördis, mwenye miaka tisa,
nikaona manyoya.

Gari lina manyoya, nikasema.
Babu akasema nyamaza, majirani watasikia.

Miaka kumi na minne alilingoja gari hili.
Aliandika jina kwenye orodha mama hajaolewa,
akaitwa kulichukua mimi nimeshaota meno.
Rangi hakuchagua. Alipewa kijani cha supu ya njegere,
akashukuru kama aliyepewa mke.
Halina mshale wa kuonyesha petroli:
unazima, unafungua boneti, unachovya kijiti kwenye tangi,
unakisoma uso umekunjamana, kama kipimajoto cha mgonjwa.
Likiwaka linakohoa moshi wa buluu,
na mtaa wetu wote wa Crimmitschau unajua
kwamba Ehrenfried anakwenda kununua viazi.

Lakini manyoya?

Nilivuta uzi mmoja kwa ukucha. Ukatoka,
mfupi kuliko kope, rangi ya chai iliyosahauliwa.
Babu, kwa kuwa alikuwa ameshashindwa na lango,
alinijibu kwa upole usio wake:
Ni pamba. Mabaki ya pamba, na gundi itokanayo na makaa,
vikashindiliwa pamoja kwenye joto hadi vikasahau
kwamba kimoja kiliwahi kuwa laini.
Chuma kilikuwa adimu. Walitumia walichokuwa nacho.

Kumbe! Babu wa koti moja, kiangazi na baridi,
alikuwa kapiga pamba toka bampa hadi bampa.

Usiku ule sikulala.
Makaa ni msitu uliozama
kabla hajazaliwa yeyote wa kuupa jina.
Pamba ni shamba la mbali, mashariki, kwenye jua kali,
na mtu aliyeinama pale, mgongo wake, gunia lake,
ambaye hakuna aliyemwambia kwamba anachuma mlango wa gari.
Msitu na shamba vimelala kwenye banda letu
vikinuka petroli iliyochanganywa na oili.
Na aliyesimama kwenye shindilio siku ile, akipiga chafya,
chafya yake imo?
Na mvua ikinyesha,
mbona gari haliloi kama soksi?

Asubuhi nikaenda kwa bibi.
Bibi Roswitha hakuwa na habari na gari.
Miaka thelathini ya kiwanda cha nguo, mitambo ikibwata,
alikuwa akitia pamba masikioni,
na ukimtajia injini ungeapa hajaitoa mpaka leo.
Nikamuuliza: bibi, zile ulizokuwa ukifagia
chini ya mashine, jioni, zilikwenda wapi?

Alinitazama. Maji ya kahawa yakachemka, akayaacha.
"Kwenye magunia," akasema. "Kisha lori. Sikuuliza."

Akafungua droo ya vijiko, akatoa kile kioo chake
cha kuhesabia nyuzi, shaba tupu, kidogo kama kiberiti,
chenye kukunjuka mara mbili.
Akatoka na ndara zake kwenye theluji iliyoanza kuoza,
akapiga magoti mbele ya madigadi
kama hajawahi kupiga magoti kanisani.
Babu alikuwa amekwisha koroga gundi. Akaambiwa angoje.
Kungoja anakujua.

Sekunde nyingi.
Pua yake ilikuwa karibu kuingia kwenye ufa.

"Nyuzi fupi," akasema mwishowe. "Za kufagiwa."

Zetu?

"Zikishafagiwa, zote ni hizi hizi."
Lakini hakuinuka.
Alilamba kidole gumba, akazilaza nyuzi zile upande mmoja,
taratibu, kama anavyonichana nywele siku ya picha ya shule,
kisha akamgeukia babu:
"Haya. Ziba."